Riwaya za vijana zipimwe kwa namna zinavyoandika kupona

Juni 4, 2011, gazeti la Wall Street Journal la Marekani lilichapa makala ya mhakiki wa vitabu Meghan Cox Gurdon, aliyelalamikia giza lililotanda katika riwaya wanazoandikiwa vijana. Utekaji, ubakaji, ndugu wa damu kuingiliana, vijana wanaojidhuru miili yao: hayo ndiyo aliyoyaona yamejaa kwenye rafu za maduka ya vitabu. Hofu yake ilikuwa kwamba riwaya inayosimulia kujidhuru huenda ikakifanya kitendo hicho kionekane cha kawaida na kumletea wazo kijana ambaye asingelipata kwingine. Wasomaji na waandishi walimjibu kwa wingi mitandaoni, wengi wakieleza kwamba vitabu vya aina hiyo viliwaokoa. Ubishi huo haujaisha. Katika mwaka wa masomo wa 2023/24, shirika la waandishi la PEN America lilihesabu matukio 10,046 ya vitabu kuzuiwa katika shule za umma za Marekani. Miongoni mwa vilivyoongoza ni Thirteen Reasons Why cha Jay Asher, Sold cha Patricia McCormick na The Perks of Being a Wallflower cha Stephen Chbosky, vyote vikisimulia vijana walioumizwa.

Pande zote mbili za ubishi huu zina hoja nzito, lakini zote zinaangalia pasipofaa. Anayetaka kitabu kiondolewe huorodhesha majeraha yaliyomo. Anayekitetea huyataja majeraha hayohayo kuwa ushahidi wa ujasiri wa mwandishi. Utafiti wa takriban miaka hamsini kuhusu namna simulizi zinavyowagusa watu walio katika dhiki unatuelekeza kwingine. Hatari ya kitabu hutokana na namna kinavyokionesha kitendo na maana ambayo kinakipa kifo, na faida yake hutokana na namna kinavyoionesha njia ya kutoka. Kwa hiyo riwaya ya kijana anayejidhuru ihukumiwe kwa kurasa zake za kupona. Mwandishi aliyeandika kupona kwa ukweli, pamoja na uchovu wake, gharama zake na vipindi vya kurudi nyuma, amemfanyia msomaji kijana kazi ambayo watu wazima wengi huikwepa. Aliyechora mateso kwa ustadi kisha akakifanya kifo kuwa jibu anastahili lawama, hata kama nia yake ilikuwa njema.

Kinachomfikisha kijana hapo

Tuanze na kijana mwenyewe. Uchambuzi wa tafiti za nchi mbalimbali uliochapishwa mwaka 2014 ulikadiria kuwa takriban asilimia 17 ya vijana balehe wamewahi kujidhuru kwa makusudi bila nia ya kufa. Wataalamu wanaowatibu wanaeleza jambo linalowashangaza wazazi wengi: kwa kawaida vijana hawa hawatafuti kutazamwa, na hufanya kila juhudi kuficha. Kwao maumivu ya mwili hutuliza kwa muda mfupi msukosuko wa hisia wasioweza kuutaja, au huwarudishia hisia pale ambapo kiwewe kimewaacha na ganzi. Nafuu hiyo haikai, na aibu inayofuata huongeza dhiki iliyokuwapo. Kujidhuru kwa namna hii ni tofauti na kutaka kufa, ila huongeza uwezekano wa kijana kufika huko baadaye, na ndiyo maana hakupaswi kupuuzwa kama utundu wa ujana wala kuadhibiwa kama utovu wa nidhamu.

Nyuma ya tabia hiyo mara nyingi kuna tukio au mazingira: msiba, kipigo cha kila siku nyumbani, kudhalilishwa shuleni, unyanyasaji wa kingono uliofanywa na mtu anayeheshimika katika familia. Utafiti wa kitaifa kuhusu ukatili dhidi ya watoto uliofanywa Tanzania mwaka 2009 ulionesha kuwa karibu wasichana 3 kati ya 10 wenye umri wa miaka 13 hadi 24 walifanyiwa ukatili wa kingono angalau mara moja kabla ya kutimiza miaka 18. Kwa wavulana ilikuwa takriban 1 kati ya 7. Watoto hao hawakuhitaji riwaya iwafundishe kwamba dunia ina ubaya. Waliujua kabla ya kuwa na maneno ya kuueleza. Kinachobaki kuulizwa ni kama watakutana mahali popote na simulizi inayowaambia kwamba lililowapata lina jina, kwamba kosa si lao, na kwamba wapo waliopita hapo wakatoka wakiwa hai.

Kutaja ni tofauti na kuonesha

Hofu ya kuambukizana ina historia ndefu, na ni haki kuipa uzito wake. Mwaka 1774 Johann Wolfgang von Goethe alichapisha riwaya kuhusu Werther, kijana anayejiua kwa sababu ya mapenzi. Taarifa za wasomaji kumwiga zilienea Ulaya kiasi kwamba mji wa Leipzig ulikipiga marufuku kitabu hicho mwaka 1775. Karne mbili baadaye, mwaka 1974, mwanasosholojia David Phillips alilinganisha habari za kujiua zilizochapwa kurasa za mbele za magazeti ya Marekani na takwimu za vifo, akaona vifo vya aina hiyo vikiongezeka baada ya habari hizo. Akaipa hali hiyo jina la Werther. Tafiti nyingi zilizofuata zimeunga mkono jambo la msingi: habari inayoeleza mbinu kwa undani, inayorudiwarudiwa, inayompamba marehemu au inayodai kwamba sababu ilikuwa moja tu, inaweza kumsukuma mtu aliyekwisha kusimama ukingoni. Shirika la Afya Duniani limeandika miongozo ya vyombo vya habari kwa kuzingatia ushahidi huo.

Lakini ushahidi huohuo unakataa kwenda umbali ambao wapiga marufuku wanataka uende. Mwaka 2005 Madelyn Gould na wenzake walichapisha matokeo ya jaribio lililowahusisha wanafunzi zaidi ya 2,300 wa shule sita za sekondari katika jimbo la New York. Nusu yao waliulizwa waziwazi kama wamewahi kuwaza kujiua, na wengine hawakuulizwa. Walioulizwa hawakuonesha dhiki zaidi ya wenzao, na wale waliokuwa na dalili za sonona au waliowahi kujaribu kujiua walionekana kupata nafuu kidogo kwa kuulizwa. Kisha mwaka 2010 Thomas Niederkrotenthaler na wenzake walichambua habari za magazeti ya Austria, wakakuta kwamba zile zilizosimulia mtu aliyefikiria kujiua kisha akaishinda hali yake ziliendana na kupungua kwa vifo. Waliita matokeo hayo kwa jina la Papageno, mhusika wa opera ya Mozart ya mwaka 1791, anayekaribia kujitoa uhai lakini vijana watatu wanamkumbusha kwamba bado ana njia nyingine.

Tafiti hizi zinatupa mpaka ulio wazi. Kulitaja jambo, kuliuliza na kulijadili hakumpandikizii mtu wazo geni. Kinachodhuru ni maelezo ya namna ya kufanya na kukipamba kifo. Kinachosaidia ni kuonesha mtu akivuka. Mwalimu anayefunga mlango wa maktaba kwa sababu kitabu kinataja kujidhuru anakuwa amekizuia kile kinachodhuru pamoja na kile kinachosaidia, na mtoto aliyetarajiwa kulindwa anabaki na simu yake mkononi, ambako picha na maelezo ya hatari hayasubiri kibali cha mtu yeyote.

Kasoro ya kisa cha Hannah

Tukiushika mpaka huo, tunaweza kukikosoa kitabu bila kuikosoa mada. Thirteen Reasons Why, kilichotoka mwaka 2007, kinamhusu Hannah Baker, mwanafunzi aliyejiua akaacha kanda zilizorekodiwa, ambamo anawataja mmoja baada ya mwingine watu anaowaona walichangia kifo chake. Kitabu kina wema wake: kinaonesha namna uvumi, kejeli na unyanyasaji wa kingono vinavyoweza kurundikana juu ya msichana mmoja wakati kila mhusika akijiona amefanya kosa dogo tu. Tatizo liko kwenye mpango wa hadithi yenyewe. Hannah anapata sauti baada ya kufa. Waliompuuza wanalazimika kumsikiliza, wakosaji wanafichuliwa, aliyempenda anamlilia. Mshauri wa shule, mtu mzima pekee anayemfuata mwishoni, anashindwa kumsaidia. Kijana mwenye uchungu anayesoma kwa haraka anaweza kuelewa kwamba kifo ndicho ujumbe ambao hatimaye watu hawataweza kuupuuza. Huo ni uongo, kwa kuwa marehemu hasikii majuto ya mtu yeyote, na uongo huo umejengwa ndani ya muundo wa riwaya wenyewe.

Mfululizo wa Netflix uliotokana na kitabu hicho, ulioanza kuoneshwa Machi 31, 2017, uliongeza kosa la pili kwa kuonesha tukio la kifo waziwazi. Utafiti uliochapishwa mwaka 2019 ulikuta kwamba vifo vya kujiua kwa Wamarekani wenye umri wa miaka 10 hadi 17 viliongezeka kwa asilimia 28.9 mwezi uliofuata. Mtafiti Dan Romer alizichambua upya takwimu hizo akahoji, kwani ongezeko kwa wavulana lilikwisha kuanza kabla ya mfululizo kutoka. Watafiti wa awali nao walionya kwamba kazi yao haithibitishi sababu. Basi na tusidai zaidi ya tunachokijua. Netflix iliondoa tukio hilo Julai 2019, na kisa kikaendelea kueleweka bila kupungukiwa na chochote. Hilo pekee linatosha kuonesha kwamba picha ile haikuwa na kazi ya lazima katika simulizi.

Hatua tatu za Melinda

Miaka minane kabla ya Hannah, mwaka 1999, Laurie Halse Anderson alichapisha Speak. Melinda Sordino amebakwa kwenye sherehe kabla ya kuanza sekondari. Aliwapigia simu polisi usiku ule, wanafunzi wenzake wakamchukia kwa kuiharibu sherehe, na hakuna aliyemuuliza kwa nini alipiga. Polepole anaacha kuzungumza. Ukilisoma jeraha lake peke yake, hadithi hii inafanana na ya Hannah: msichana aliyedhulumiwa, shule isiyomwona, wazazi walioshughulishwa na mambo yao. Tofauti iko kwenye njia ambayo Anderson amempitisha. Daktari wa akili Judith Herman, katika kitabu chake cha mwaka 1992 kuhusu kiwewe na kupona, alieleza hatua tatu ambazo aliyeumizwa hupitia: kwanza kupata usalama, kisha kukumbuka na kuomboleza, hatimaye kuungana tena na watu. Speak inazipitia hatua hizo bila kuzitaja. Melinda anajitafutia chumba kidogo cha kuhifadhia vifaa vya usafi shuleni, mahali pekee anapoweza kupumua. Mwalimu wa sanaa anampa kazi ya kuchora mti mwaka mzima, na kila mti unaoshindikana unamsogeza kwenye kumbukumbu aliyoikimbia. Mwishoni anasema kilichompata, kwa sauti yake, mbele ya mtu anayemsikiliza, akiwa hai.

Mti huo unastahili kutazamwa kwa makini, kwa sababu ndani yake kuna ufundi wa kuandika kupona. Mwandishi mvivu angemponya Melinda kwa hotuba moja ya mtu mzima mwenye busara au kwa mpenzi mpya. Anderson amempa kazi ngumu inayorudiwa, yenye kushindwa kwingi, ikisimamiwa na mwalimu asiyemlazimisha kusema. Msomaji anajifunza muda. Anaona kwamba mwezi unaweza kupita bila maendeleo yanayoonekana, na bado kitu kikawa kinajengeka. Wasomaji waliitikia kwa namna ambayo wazuiaji hawakuitarajia: barua zao kwa mwandishi zilikuwa nyingi kiasi kwamba Anderson alitunga shairi kutokana na maneno yao, likachapwa katika toleo la miaka kumi ya kitabu. Hata hivyo, mwaka 2010 mkazi mmoja wa jimbo la Missouri aliandika gazetini akikifananisha kitabu hicho na ponografia. Mtu anayeona ashiki katika simulizi ya mtoto aliyebakwa amekosea kusoma, na makosa ya usomaji wa namna hiyo yasipewe mamlaka juu ya maktaba. Mwaka 2023 Anderson alitunukiwa nchini Sweden tuzo ya kumbukumbu ya Astrid Lindgren, mojawapo ya tuzo kubwa kabisa za fasihi ya watoto na vijana duniani.

Kurudi nyuma nako ni sehemu ya njia

Riwaya mbili nyingine zinaikaribia zaidi mada ya kujidhuru. Cut ya Patricia McCormick, ya mwaka 2000, inamfuata Callie, msichana wa miaka 15 aliyepelekwa kwenye kituo cha matibabu cha Sea Pines. Callie anaamini kwamba ugonjwa wa mdogo wake ni kosa lake, na amenyamaza kabisa. Kupona kwake kunaanza anapotambua kwamba amebebeshwa mzigo ambao ulikuwa wa wazazi. Girl in Pieces ya Kathleen Glasgow, ya mwaka 2016, inakwenda mbali zaidi. Charlie Davis, mwenye miaka 17, anaanza kupata nafuu wodini, kisha anatolewa kwa sababu fedha za matibabu zimekwisha. Anaishia Tucson, Arizona, akiosha vyombo kwenye mgahawa na kumpenda mwanamuziki aliyezama kwenye ulevi na dawa za kulevya. Anarudi nyuma, na kurudi kwenyewe kunatisha. Glasgow, aliyeeleza mwishoni mwa kitabu kwamba naye aliwahi kujidhuru akiwa kijana, hakukifanya kipindi hicho kuwa mwisho wa Charlie. Anainuka tena kwa msaada wa marafiki, kazi na uchoraji. Kijana aliyekwisha kujaribu kuacha akashindwa anahitaji sana kukutana na ukurasa huo, kwa kuwa bila hivyo atadhani kushindwa mara moja ni hukumu ya maisha.

Mwezi uleule wa Juni 2011 ambao Gurdon aliandika makala yake, gazeti la New York Times lilichapa habari ya Marsha Linehan, mwanasaikolojia aliyebuni tiba ambayo leo ni miongoni mwa zinazotumika sana kwa watu wanaojidhuru. Alikuwa ameamua kusema hadharani kwamba yeye mwenyewe, akiwa na miaka 17 mwaka 1961, alilazwa katika hospitali ya akili ya Hartford, Connecticut, na kwamba alijidhuru vibaya wakati huo. Tiba yake hufundisha stadi mojamoja: kuitambua hisia inapopanda, kuvumilia dakika ngumu bila kuiongezea madhara, kuomba msaada kwa maneno yanayoeleweka. Hizo ni kazi ndogondogo zisizo na mvuto wa sinema, na riwaya nzuri za vijana ndizo hizo zinazoweza kuzisimulia hadi msomaji akatamani kuzijaribu.

Wapo wahakiki watakaosema kwamba fasihi haidaiwi matumaini, na kwamba kumtaka mwandishi amponye mhusika ni kumgeuza mshauri nasaha. Tanzia ina heshima yake, na hoja hii haigusi tanzia za watu wazima. Lakini kuhusu vijana wanaojidhuru, kupona ndio ukweli unaotokea mara nyingi zaidi. Utafiti uliowafuatilia karibu vijana 2,000 wa jimbo la Victoria, Australia, na kuchapishwa katika jarida la Lancet mwaka 2012, ulikuta kwamba asilimia 90 ya waliojidhuru walipokuwa balehe hawakuripoti tena tabia hiyo walipofikia utu uzima wa awali. Watafiti walisisitiza pia kwamba sonona na wasiwasi wa ujanani vinahitaji kutibiwa, kwani vilihusiana na kuendelea kujidhuru. Riwaya inayomwaminisha msomaji kwamba hali hii haina mwisho ndiyo inayokwenda kinyume na uhalisia. Mwandishi anayejivunia ukali wa macho yake anapaswa kuiona na sehemu hii.

Pingamizi zito zaidi ni la msomaji aliye dhaifu kuliko wenzake, yule atakayeziruka kurasa za kupona na kutafuta zile za kujiumiza. Msomaji huyo yupo kweli. Ndiyo sababu mwandishi ana wajibu wa kuuacha undani wa mbinu, na mhariri ana wajibu wa kuukata ukimponyoka mwandishi. Girl in Pieces nayo ina sehemu ambazo zingeweza kupunguzwa bila kuidhoofisha hadithi. Mtoto aliyeko hatarini sasa hivi asiachiwe kitabu peke yake. Anahitaji mtu mzima wa kukaa naye na mtaalamu wa kumtazama. Hata hivyo, kutokana na kuwapo kwa msomaji mmoja wa aina hiyo haifuati kwamba mamia ya wengine wanyimwe kitabu. Linalofuata ni kwamba mzazi na mwalimu wakisome kwanza, wajue kina nini, wawe tayari kuulizwa.

Je, haya ni ya Wamarekani tu?

Wapo watakaosema haya ni mambo ya kwao, na kwamba vijana wetu wana jamaa, dini na ukoo wa kuwabeba. Ukoo hubeba mengi, lakini pia huficha mengi, na wahenga walikwisha kuonya kwamba mficha maradhi kifo humuumbua. Utafiti wa kitaifa wa afya ya akili ya vijana balehe nchini Kenya, ambao matokeo yake yalitangazwa mwaka 2022, ulikuta kuwa asilimia 12.2 walikuwa na ugonjwa wa akili unaotimiza vigezo vya kitabibu. Sheria nazo zimechangia ukimya. Ilikuwa Januari 2025 ndipo Mahakama Kuu ya Kenya ilipotamka kwamba kifungu cha 226 cha Kanuni ya Adhabu, kilichofanya jaribio la kujiua kuwa kosa la jinai, kinakiuka Katiba. Kwa Tanzania, Kanuni ya Adhabu imelihesabu jaribio hilo kuwa kosa. Pale ambapo mgonjwa anaweza kuitwa mhalifu, mzazi atamficha mtoto wake hata kwa daktari.

Fasihi ya Kiswahili haijawahi kuwa ngeni kwa majeraha haya. Euphrase Kezilahabi alichapisha Rosa Mistika mwaka 1971, akamchora msichana wa Ukerewe anayelelewa kwa kipigo na baba mlevi, anayeingia duniani bila kujiamini, na ambaye mwishowe anajiua. Kitabu kilipigwa marufuku shuleni kwa muda, kisha kikaruhusiwa na kusomwa na vizazi vya wanafunzi. Waliokizuia walishtushwa na yaliyomo kuhusu mapenzi na ngono. Hawakukaa na shtaka kubwa ambalo Kezilahabi aliwasomea wazazi. Kwa kipimo ninachokitetea hapa, Rosa Mistika ni kazi kubwa katika kufichua chanzo, na ni tanzia iliyokusudiwa kuwatikisa watu wazima. Msichana wa kidato cha tatu anayejiona katika Rosa hapati humo mlango wa kutokea. Hilo si kosa la Kezilahabi, aliyeandika kile alichokusudia. Ni pengo ambalo waandishi waliomfuata walipaswa kulijaza, na wachache sana wamelijaza.

Chozi la Heri cha Assumpta Matei, cha mwaka 2014, kilichosomwa na wanafunzi wa sekondari nchini Kenya kwa ajili ya mtihani wa KCSE, kinaonesha kwamba inawezekana. Riwaya hiyo imejaa watu waliovunjwa na ghasia za baada ya uchaguzi: Ridhaa aliyepoteza familia yake kwa moto, mabinti wa Kaizari waliobakwa, Umulkheri na nduguze waliotenganishwa. Umulkheri anapata wazazi wapya, nduguze wanaonana tena, na jamaa inaundwa upya kutokana na vipande. Hapo hatua ya tatu ya Herman, kuungana tena na watu, imeandikwa kwa Kiswahili na kwa desturi zetu wenyewe. Kinachokosekana bado ni riwaya inayomweka kijana mmoja katikati, ikakaa ndani ya kichwa chake mwaka mzima, na kuandika bila haraka namna anavyojifunza kutojiumiza.

Lipo pingamizi la mwisho, na linauma. Charlie wa Glasgow angalau alilazwa wodini na Callie alikuwa na mtaalamu wa kuzungumza naye. Shule nyingi za Afrika Mashariki hazina mshauri aliyefunzwa, na madaktari wa akili wamerundikana mijini. Je, si ukatili kumfungulia mtoto jeraha mahali ambapo hakuna wa kulifunga? Jibu liko ndani ya riwaya zenyewe. Aliyemshika mkono Melinda alikuwa mwalimu wa sanaa, na kilichomtosha kilikuwa kusubiriwa na kusikilizwa. Watu wa aina hiyo tunao: shangazi, mwalimu wa malezi, mama wa kwaya, ustadhi wa madrasa, ilimradi wajue kwamba kijana akisema hachekwi, hapigwi, na siri yake haisambazwi, na kwamba akiwa hatarini anafikishwa hospitali. Namba 116 ya huduma ya simu kwa watoto inapatikana bure Tanzania na Kenya. Uhaba wa wataalamu unaongeza hitaji la vitabu vinavyomfundisha kijana kutambua hali yake na kumwendea mtu mapema.

Tunachopaswa kudai

Shirika la Afya Duniani lilikadiria kuwa watu 727,000 walijiua mwaka 2021, na kwamba kujiua ni sababu ya tatu ya vifo vya watu wa miaka 15 hadi 29. Mbele ya hesabu hiyo, ubishi wa kama mada iruhusiwe ni anasa. Wanaochagua vitabu vya shule, kuanzia Taasisi ya Elimu Tanzania hadi mwenzake wa Kenya, wanapaswa kuviuliza vitabu hivi maswali manne. Je, kitabu kinaeleza chanzo cha maumivu kwa ukweli bila kumlaumu aliyeumizwa? Je, kimeacha undani wa mbinu? Je, kuna angalau mtu mmoja anayesikiliza, na msaada unaoweza kufikiwa na kijana wa kawaida? Je, kupona kumepewa kurasa za kutosha, pamoja na kushindwa kwake, au kumebandikwa mwishoni kwa aya mbili? Kitabu kinachojibu vizuri kinastahili kuwa maktabani hata kama kinawatia watu wazima aibu. Kinachojibu vibaya kikosolewe kwa jina na kwa sababu, na mada yake ibaki wazi kwa mwandishi mwingine atakayeimudu.

Kwa waandishi wa Kiswahili, kazi ni kubwa na inatamanika. Tunao ustadi wa kuandika maangamizi: tunajua kumshusha mhusika ngazi kwa ngazi hadi kaburini, na wahakiki wamezoea kuuita mwendo huo uhalisia. Kupona kunahitaji ufundi mwingine, wa kufanya siku ya kawaida iwe na mvutano, wa kumwonesha msichana akiamka, akienda shule, akikaribia kujiumiza, kisha akienda kugonga mlango wa jirani. Tuzo za fasihi zipo, wachapishaji wapo, na wasomaji wako madarasani wakisubiri kitu kinachowahusu. Mchapishaji atakayeagiza riwaya kama hiyo, akampa mwandishi mtaalamu wa afya ya akili wa kuupitia muswada, na akaifikisha shuleni kwa bei ambayo mzazi anaweza kuilipa, atakuwa amefanya jambo ambalo marufuku yoyote haijawahi kulifanya: kumpa kijana sababu na namna ya kuomba msaada.